Maneno ya Maji: Kuielewa Taarifa ya Kisima, Dira na Ankara

Mkutano wa kijiji unapoitishwa ili wananchi wapokee mradi wa kisima, msemaji wa siku hiyo kwa kawaida huwa na karatasi mkononi. Karatasi husomwa upesi upesi: kina mita kadhaa, uwezo lita kadhaa kwa saa, TDS kadhaa, pH kadhaa, E. coli hakuna. Wananchi hupiga makofi, bomba hufunguliwa, na karatasi hurudi kwenye jalada. Miezi michache baadaye huanza manung'uniko. Chai haina ladha, sabuni haitoi povu, pampu inavuta hewa kila ifikapo saa kumi jioni, na bei ya ndoo haieleweki. Sehemu kubwa ya majibu ya manung'uniko hayo ilikuwa ndani ya karatasi ile ile, ila ilisomwa kwa maneno ambayo hakuna aliyeyafafanua.

Makala haya yanamlenga mtumiaji wa maji wa kata ya Nyangamara, katika Halmashauri ya Wilaya ya Mtama mkoani Lindi, pamoja na jirani zake wa mwambao kutoka Kilwa hadi Sudi. Hayakusudii kumfanya msomaji kuwa mtaalamu wa maabara. Yanakusudia kumwezesha kuisikiliza karatasi ile inaposomwa, kuuliza swali moja au mawili yenye uzito, na kutambua pale anapouziwa maneno badala ya maji.

Majisafi, maji safi na maji salama

Tuanze na neno linaloonekana kwenye kila bango. Mamlaka zinazohudumia miji huitwa Mamlaka za Majisafi na Usafi wa Mazingira, na hapo "majisafi" huandikwa kama neno moja. Hilo ni jina la huduma, yaani maji yanayosambazwa kwa ajili ya matumizi ya watu, likitofautishwa na "majitaka", ambayo ni yale yanayoondolewa baada ya kutumika. Jina hilo halithibitishi ubora wa kilichomo ndani ya ndoo yako asubuhi ya leo, kama vile jina la duka la dawa lisivyothibitisha kwamba kila dawa iliyomo haijapita muda wake.

"Maji safi", kwa maneno mawili, ni sifa inayoonekana kwa macho. Katika taarifa ya maabara sifa hiyo hupimwa kwa kiasi cha tope au ukungu uliomo, na kipimo chake huandikwa NTU. Maji yenye NTU 1 yanang'aa. Yakifika NTU 5 na kuendelea, jicho makini huanza kuona ukungu kwenye glasi. "Maji salama" ni jambo jingine. Ni maji yasiyo na vimelea vya maradhi wala kemikali kwa kiwango cha kumdhuru mnywaji, na sifa hiyo haionekani kwa jicho. Kwa kuwa katika hotuba zetu maneno haya mawili hutamkwa pamoja kila mara, "maji safi na salama", wengi wamezoea kuyachukua kama neno moja lenye maana moja. Si hivyo. Maji ya kisima kifupi kilicho karibu na choo yanaweza kung'aa kama kioo na bado yakaleta kuhara. Kwa upande mwingine, maji yenye wekundu wa kutu yanaweza kuchukiza macho bila kumdhuru mtu.

Hata hivyo tope si jambo la kupuuzwa. Chembe za udongo huwapa vijidudu mahali pa kujificha na hula nguvu ya dawa. Mwanzoni mwa Mei 2024, Kimbunga Hidaya kilipopiga mwambao huu na mafuriko kukata barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Lindi huko Somanga, wilayani Kilwa, kila mtu aliona mito ikiwa na rangi ya udongo. Katika hali kama hiyo, kutia dawa ya klorini moja kwa moja kwenye ndoo ya maji ya tope ni kuipoteza. Maji huachwa kwanza yatulie, huchujwa kwa kitambaa safi kilichokunjwa mara kadhaa, kisha ndipo hutiwa dawa au huchemshwa.

Miligramu, na suala la chumvi

Karibu kila namba iliyo kwenye taarifa ya maabara hufuatwa na herufi mg/l, ambazo husomwa "miligramu kwa lita". Miligramu ni sehemu moja ya elfu ya gramu, kiasi ambacho mkono hauwezi kukihisi, ndiyo maana namba hizo hupita sikioni bila kuacha alama. Ipo njia rahisi ya kuzishika: miligramu moja kwa lita ni sawa na gramu moja ndani ya lita 1,000. Taarifa ikisema TDS ni 1,000 mg/l, maana yake ni kwamba kila lita 1,000 za maji hayo zimebeba kilo nzima ya chumvichumvi na madini yaliyoyeyuka. Ndani ya ndoo ya lita 20 ni gramu 20, takriban vijiko vinne vya chai.

TDS ni jumla ya vitu vyote vilivyoyeyuka: chumvi ya kawaida, chokaa, magnesiamu na vinginevyo. Shirika la Afya Duniani linaeleza kwamba maji yenye chini ya 600 mg/l kwa kawaida huwa na ladha nzuri, na kwamba yanapozidi 1,000 mg/l watu wengi huanza kuyakataa. Maji ya bahari yana takriban 35,000 mg/l, yaani gramu 700 kwa ndoo. Kwa hiyo kisima kinachosomwa "1,800" hakina maji ya bahari, lakini wanywaji wake watajua tofauti siku ya kwanza, na yafaa waambiwe mapema kuliko kuachwa wagundue wenyewe baada ya fedha kutumika.

Watu wa pwani hawakungoja maabara ili kulijua jambo hili. Lugha yenyewe imelitenga tangu zamani: "maji baridi" au "maji matamu" ni yale yasiyo na chumvi, hata kama yamekaa juani kutwa nzima, na "maji ya chumvi" ni yale ya bahari na ya visima vinavyoelekeana nayo. Mwenye duka anapokuuzia "maji baridi" kutoka kwenye jokofu anatumia maana nyingine kabisa, na mtaalamu anapoandika "samaki wa maji baridi" anatumia ile ya kale. Huko Kilwa Kisiwani magofu yenyewe yanashuhudia jinsi wakazi wake walivyolichukulia suala la maji kwa uzito: Msikiti Mkuu una visima na mabirika yake, na Husuni Kubwa, jumba la karne ya 14, lina birika lenye pembe nane lililochongwa kwa ustadi ambao bado unawashangaza wageni.

Chumvi huingiaje kisimani? Karibu na bahari sababu kubwa ni uzito. Maji baridi ni mepesi kidogo kuliko maji ya bahari, kwa hiyo chini ya ardhi ya pwani na visiwani yale ya mvua hukaa juu ya yale ya chumvi, kama mafuta yakaavyo juu ya mchuzi, ingawa mpaka wake hauko wazi namna hiyo. Wataalamu wawili wa Ulaya, Ghyben na Herzberg, kila mmoja kwa wakati wake mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20, waliikokotoa hesabu yake: kwa kila mita moja ya maji baridi iliyo juu ya usawa wa bahari, kuna takriban mita 40 za maji baridi chini ya usawa huo. Hesabu hiyo inafurahisha kwa upande mmoja na kutisha kwa upande wa pili. Pampu ikivuta kwa pupa na kushusha maji kwa nusu mita tu kwa muda mrefu, chumvi iliyo chini inaweza kupanda kiasi cha mita 20 kuelekea kwenye pampu. Kisima kilichokuwa kitamu mwaka wa kwanza kikigeuka chumvi mwaka wa tatu, mara nyingi chanzo chake si mkosi bali ni saa nyingi mno za kusukuma maji.

Nyangamara haiko ufukweni, na huko bara chumvi ya kisima kirefu inaweza kutokana na mwamba wenyewe ambamo maji yamekaa muda mrefu. Ndiyo maana mtumiaji anapaswa kuuliza si TDS ya siku ya kupokea mradi tu, bali pia ile ya mwishoni mwa kiangazi na ile ya mwaka uliofuata. Namba moja peke yake haionyeshi mwelekeo. Namba tatu zilizoandikwa kwa tarehe zake zinaonyesha kama kisima kinaharibika.

Jambo moja la kutia akilini daima: kuchemsha hakuondoi chumvi. Kunapunguza maji na kuiacha chumvi sufuriani, hivyo yaliyobaki yana chumvi zaidi kuliko yale ya mwanzo. Ndivyo ilivyo pia kwa floraidi na naitreti.

"Ugumu" wa maji ni sehemu ya jumla hiyo hiyo. Maji magumu ni yale yaliyobeba kalsiamu na magnesiamu, na kwa kuwa sehemu kubwa ya visima vifupi vya ufukweni na visiwani imechimbwa kwenye mawe ya matumbawe, yale yale yanayochomwa kupata chokaa, ugumu si jambo geni kwetu. Dalili zake ni sabuni isiyotoa povu na tabaka jeupe linalogandamana ndani ya birika la chai. Ugumu hula sabuni na mkaa, yaani hula fedha, lakini hausababishi maradhi. Madini ya chuma nayo hutia nguo doa la kutu yanapozidi kiasi cha 0.3 mg/l, na chai iliyopikwa kwa maji hayo hugeuka nyeusi kama wino. Mama anayelalamika kwamba majani ya chai aliyouziwa ni mabaya huenda ana haki ya kulalamika, ila si kwa mwenye duka.

Floraidi inastahili aya yake kwa sababu ya hofu inayosafiri. Katika mikoa ya Arusha, Kilimanjaro na Manyara, kwenye miamba ya volkano, visima vingi vina floraidi nyingi, na matokeo yake huonekana kwenye meno yenye rangi ya kahawia na, kwa waliozidiwa, kwenye mifupa. Kiwango kinachokubalika katika maji ya kunywa ni 1.5 mg/l. Mwambao wa Lindi si nchi ya volkano, na hapana sababu ya kubeba hofu ya Arusha hadi Mtama. Ila kipimo hicho kimo katika orodha ya vipimo vya kisima kipya, na kukiuliza hakugharimu kitu.

Kisichoonekana

Mahali panaposomwa "E. coli", msomaji asikilize kuliko mahali pengine popote. Hao ni bakteria wanaoishi ndani ya utumbo wa binadamu na wanyama. Wengi wao si hatari wenyewe. Wanatafutwa kwa sababu ya ushuhuda wanaoutoa: wakionekana kwenye maji, basi kinyesi kimefika humo, na palipofika kinyesi kipindupindu na homa ya matumbo vinaweza kufika. Kipimo chake huhesabiwa ndani ya mililita 100, ambazo ni nusu ya glasi ya kawaida, na jibu linalokubalika katika maji ya kunywa ni sifuri. Hakuna "kidogo" wala "wastani" hapa.

Kipimo hicho kina sifa ambayo kila mtumiaji anapaswa kuijua: hakitoi jibu papo hapo. Sampuli huchukuliwa kwenye chupa iliyotakaswa, huwekwa kwenye ubaridi hadi maabara, kisha hutunzwa kwenye joto maalumu kwa karibu siku nzima ili bakteria waongezeke hadi waweze kuhesabiwa. Anayechovya kijiti chenye kioo cha namba ndani ya ndoo yako na kutangaza baada ya sekunde tano kwamba "maji haya ni salama" hajapima bakteria. Alichopima ni uwezo wa maji kupitisha umeme, ambao hugeuzwa kuwa namba ya TDS. Kijiti hicho ni kifaa kizuri kwa kazi yake, na fundi mwaminifu hukitumia kufuatilia chumvi. Kikitumiwa kuthibitisha usalama, kinadanganya, hata kama anayekishika hana nia mbaya.

Wapo pia, mahali pengi duniani, wauzaji wa vichujio wanaofanya onyesho la kusisimua zaidi. Glasi mbili huwekwa mezani, moja ya maji ya bomba na nyingine ya maji ya kichujio chao. Kifaa chenye vyuma viwili hutumbukizwa na kuunganishwa na umeme. Maji ya bomba hugeuka kahawia yenye povu chafu, na yale ya kichujio hubaki meupe. Watazamaji hushika midomo. Uchafu ule haukuwamo ndani ya glasi. Madini ya kawaida ya maji ya bomba yaliruhusu umeme kupita, umeme ukala chuma cha kifaa, na kinachoonekana ni kutu ya chuma hicho. Maji yaliyoondolewa madini hayapitishi umeme, kwa hiyo hayageuki rangi. Ukiwa na ujasiri, omba chumvi kidogo itiwe kwenye glasi ya muuzaji na onyesho lirudiwe.

Klorini, ambayo wengi huiita dawa ya maji, huua vijidudu, na kisha sehemu yake hubaki ndani ya maji ili kuyalinda njiani. Hiyo iliyobaki huitwa "klorini baki", na kiasi kinachotafutwa kwenye bomba la mtumiaji wa mwisho si chini ya 0.2 mg/l. Kwa hiyo harufu hafifu ya dawa si kasoro ya maji. Ni dalili kwamba ulinzi umefika hadi kwako. Kasoro ni harufu kali inayokataza kunywa, au kukosekana kabisa kwa dawa mahali ambapo mtandao unatiwa dawa, kwa kuwa huenda bomba limepasuka mahali na uchafu umeimaliza. Tukiri kwamba watu wengi huchukia harufu hiyo na kurudi kwenye kisima cha zamani "kitamu" kilicho bondeni. Kwa maoni yetu hilo ndilo kosa la gharama kubwa kuliko yote yaliyotajwa katika makala haya.

Naitreti mara nyingi hutoka kwenye vyoo, mazizi na mbolea, nayo ni hatari hasa kwa watoto wachanga wanaonyweshwa maziwa ya kukorogwa. Dawa yake ni umbali: choo kisikaribie kisima, mita 30 ndizo hutajwa mara nyingi, tena choo kiwe upande wa chini wa mteremko. Kuhusu pH, ambayo hueleza uchachu au ubesi wa maji kwa namba kutoka 0 hadi 14, inatosha kujua kwamba 7 ni katikati na kwamba maji yenye pH ya chini hula mabomba ya chuma. Chupa zinazouzwa kwa bei ya juu kwa sababu ya pH ya 9 haziwezi kugeuza mwili wa mtu, kwani maji yote yanayonywewa hukutana na asidi kali tumboni.

Uwezo wa kisima

Karatasi ikisema "uwezo wa kisima ni lita 4,000 kwa saa", wengi husikia lita 4,000 na kufurahi. Fanya hesabu. Pampu ikifanya kazi saa 8 kwa siku, zitapatikana lita 32,000. Sera ya Maji ya mwaka 2002 iliweka lengo la vijijini la lita 25 kwa mtu kwa siku, zipatikane ndani ya mita 400 kutoka makazi, na kila kituo kihudumie watu 250. Gawanya 32,000 kwa 25 upate watu 1,280, yaani vituo vitano. Kijiji chenye watu 3,000 kikiambiwa kwamba kisima hicho kimoja kimemaliza tatizo, mtu mmoja anapaswa kunyoosha mkono na kuuliza.

Namba mbili nyingine huambatana na hiyo. "Kina cha maji tuli" ni umbali kutoka juu ya ardhi hadi kwenye maji wakati pampu imezimwa. "Kina cha maji wakati wa kusukuma" ni umbali huo pampu ikiwa kazini. Tofauti yake ni mshuko. Tuseme maji tuli yako mita 30 na wakati wa kusukuma yako mita 42; mshuko ni mita 12. Jaribio la kweli la uwezo hufanywa kwa kusukuma maji saa nyingi mfululizo, kisha kuangalia yanarudi kwa kasi gani baada ya pampu kuzimwa. Jaribio la nusu saa halina thamani. Pia uliza tarehe: kisima kilichojaribiwa mwezi Aprili, mvua zikiwa zinaelekea kuisha, kimepimwa katika siku zake za neema, na mwezi Oktoba kinaweza kuwa na mambo mengine. Ile pampu inayovuta hewa saa kumi jioni ni pampu ambayo mshuko umefika kwenye mdomo wake.

Uniti, ndoo na dira

Uniti moja ya maji ni mita moja ya ujazo, nayo ni lita 1,000, yaani ndoo 50 za lita 20. Usawa huo mmoja unatosha kulinganisha bei yoyote na bei nyingine. Tuseme kituo cha kuchotea maji kinauza ndoo kwa shilingi 50. Mara 50 ni shilingi 2,500 kwa uniti. Familia ya watu watano inayotumia lita 25 kwa kila mtu hutumia lita 125 kwa siku, au uniti 3.75 kwa mwezi wa siku 30, ambazo kwa bei hiyo ya mfano ni shilingi 9,375. Sasa ulinganishe na bei ya uniti anayolipa jirani aliyeunganishiwa bomba nyumbani. Anayechota kwa ndoo akilipa zaidi, huo si ushahidi wa wizi, kwa sababu ndani ya bei ya ndoo mna posho ya msimamizi wa kituo. Ni sababu ya kuomba mchanganuo wa bei usomwe mbele ya mkutano.

Mwenye bomba nyumbani ana dira. Tarakimu nyeusi ndizo uniti kamili. Tarakimu nyekundu, au visahani vidogo vyenye mishale, ni sehemu za uniti. Ankara hutokana na kutoa usomaji wa mwezi uliopita kutoka ule wa mwezi huu. Dira iliyosomwa 412 na sasa inasoma 425 imepitisha uniti 13, na ankara inayodai 31 huenda imegeuza tarakimu. Ankara iliyoandikwa "makadirio" maana yake ni kwamba hakuna aliyeisoma dira, na unayo haki ya kuomba isomwe mbele yako. Usiku kabla ya kulala, funga koki zote na utazame kigurudumu kidogo kilicho katikati ya dira. Kikiendelea kuzunguka, maji yanavuja ndani ya mipaka ya nyumba yako, na gharama ni yako hadi uzibe.

Kuhusu mvua, ambayo kwa kaya nyingi za kusini bado ni chanzo muhimu, milimita moja ikinyesha kwenye mita moja ya mraba ya bati ni lita moja. Bati la mita za mraba 40 katika mvua ya milimita 20 hupokea lita 800, na kiasi cha lita 600 kinaweza kuingia tangini baada ya kumwaga maji ya mwanzo yanayosafisha vumbi na vinyesi vya ndege. Mamlaka ya Hali ya Hewa inapotangaza utabiri wa Lindi na Mtwara, sikiliza neno "msimu", linalohusu Novemba hadi Aprili. "Vuli" na "masika" ni za mikoa yenye misimu miwili.

Nani aulizwe

Majina ya vyombo nayo ni msamiati, na hapa pana mtego. Chombo cha watoa huduma ya maji ngazi ya jamii, kinachojulikana kwa herufi CBWSO, ndicho kinachoendesha mradi wa kijiji na kukusanya fedha, chini ya usimamizi wa RUWASA, Wakala wa Maji na Usafi wa Mazingira Vijijini, uliotokana na Sheria ya Huduma za Maji na Usafi wa Mazingira Na. 5 ya mwaka 2019. "Jumuiya ya watumia maji", kwa maana ya Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji Na. 11 ya mwaka 2009, ni chombo kingine: kazi yake ni kulinda mto, chemchemi na kidakio, na hakiuzi ndoo. Katika mazungumzo ya kila siku jina hilo la pili hutumiwa kwa vyombo vyote viwili, na malalamiko ya bei hupelekwa kwa watu wasiohusika nayo.

Anayelima au kuchimba mchanga ndani ya mita 60 kutoka kingo za mto, eneo linalolindwa na Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, huripotiwa kwa serikali ya kijiji na kwa Bodi ya Maji ya Bonde la Ruvuma na Pwani ya Kusini, yenye makao yake Mtwara. Bei, mgao na ubora wa maji ya mradi huanzia kwa CBWSO, kisha kwa ofisi ya RUWASA ya wilaya. Mkazi wa mjini, anayehudumiwa na mamlaka ya maji, huanzia kwenye mamlaka hiyo. Asiporidhika huenda EWURA, na Baraza la Ushauri la Watumiaji, EWURA CCC, lipo kumsaidia kuandaa shauri lake bila malipo.

Popote unapoanzia, andika. Barua inayosema "maji yetu ni mabaya" hupokelewa na kuwekwa jalada, kwa sababu haimwambii fundi achukue kifaa gani. Linganisha na hii: "Tangu tarehe 3 mwezi huu, maji ya kituo cha karibu na shule yana ladha ya chumvi kuliko mwaka jana, na kila jioni pampu huvuta hewa. Tunaomba TDS na kina cha maji vipimwe upya, na matokeo ya siku ya kupokea mradi yasomwe pamoja na mapya." Andika tarehe, kituo na namba ya dira kama ipo. Toa nakala mbili, na hiyo unayobaki nayo igongwe muhuri wa kupokelewa.